Blanketi la Bibi

Kwetu Msangeni binti aliyeposwa haondoki mpaka bibi yake afunikwe blanketi mbele ya watu. Ng'ombe watasubiri, mbuzi atadaiwa. Lakini blanketi, thubutu! Bibi asipofunikwa, ukoo mzima utasemwa mpaka kisimani.

Sasa mimi nikaposwa miaka ile ya rafu tupu madukani, sabuni tunaipangia foleni. Blanketi ungelitoa wapi? Na bibi aliyenilea alikuwa anakohoa tangu masika, analala na khanga mbili na gunia. Katika mahari yangu yote, nisiwafiche, nilitaka lile blanketi tu. Nilisema, akilipata atapona.

Wakwe walipanda mlima na dengelua, ile pombe yetu ya miwa, na blanketi la kahawia limekunjwa vizuri. Wakamfunika. Vigelegele! Bibi akamtania mchumba wangu: "Haya mume wangu, mke mkubwa nimeshafunikwa. Huyu mdogo utamlisha nini?" Watu wakacheka mpaka basi.

Mimi nikaona kona. Ilikuwa imeungua, alama ndogo kama kidole gumba. Alama hiyohiyo nilishaiona kwa jirani, alipofunikwa bibi mwingine. Blanketi lilikuwa la mzee mmoja wa Lembeni, alilipata alipofanya kazi kwenye mkonge, na watu waliliazima posa kwa posa. Wazee wote walijua. Nani angesema? Kusema ni kuziaibisha koo mbili.

Wageni walipoaga, shangazi wa mchumba wangu alibaki nyuma, anaangalia chini. Bibi hakumngoja aombe. Alilivua mwenyewe, akalikunja, akampa. "Lipeleke, wenzetu wanalisubiri."

Nilimshika mkono. "Bibi, baki nalo!"

Akanikata jicho. "Unataka waseme tumewanyang'anya?"

Alikufa kipupwe hichohicho, juu ya gunia lake. Mpaka leo nina hasira, na sijui nimkasirikie nani.

Biashara ilipofunguliwa, mablanketi yalining'inia pale Same barabarani, ya kila rangi. Nilikuwa napita bila kuyatazama.

Juzi wamekuja kumposa mjukuu wangu. Wakanifunika blanketi jipya, zito, bado lina harufu ya dukani. Mkono wangu ukaenda wenyewe kwenye kona. Nikauliza mbele ya wote: "Hili ni lenu, au mmeliazima?"

Wakacheka, wakidhani bibi anatania. Mimi nikalishika kwa mikono miwili, nasubiri jibu.