Kidevu cha Shimba

Hapa Usagara hakuna anayenishinda kujua wanyama. Shule niliiacha darasa la tano kwa hiari yangu, lakini fahali akiniona anainamisha pembe. Aliyenibishia ni mmoja tu: Dorotea, mjane wa kaka yangu.

Alinunua punda aliyechapwa na mwenyewe wa kwanza mpaka mgongo ukajaa makovu. Akampa jina Shimba, yaani simba. Nilicheka mpaka nikakohoa, maana simba huyo aliwakimbia hata kuku. Sisi Wasukuma punda tunamswaga kwa nyuma, fimbo mkononi. Huyu ukimjia nyuma, unakula teke.

"Shemeji, punda anaelewa fimbo tu," nikamwambia.

"Basi wewe walikosea kutokukuchapa."

Kila jioni Dorotea alikaa kwenye kigoda, amempa punda mgongo, mkono kaupeleka nyuma, kiganjani matobolwa, vile viazi vitamu vyetu vya kuchemsha na kukausha. Hamtazami wala hamwiti. Vuli ikapita. Siku moja Shimba akasogea, akayachukua, akaweka kidevu begani kwake, akatafuna. Tangu hapo Dorotea akienda mtoni anatangulia mbele, punda anafuata na madumu, bila kamba.

Masika, ukingo wa mtaro wa njia ya mtoni ukamomonyoka. Shimba akatumbukia, mguu wa mbele ukavunjika, mfupa nje. Bwana mifugo, Elias, akaja na sindano.

"Huyu haponi," akasema. "Nikiupata mshipa wa shingo, atalala tu. Akikataa kutulia, mtamwachia fisi akiwa hai."

Nikasema niachieni mimi. Nikashuka na kamba, nikapanda bila jino. Majirani waliokuja kusaidia nao wakajaribu. Kadiri tulivyokaza kamba ndivyo alivyojipigiza, na mfupa ukazidi kuchomoza.

"Fungueni hizo kamba," Dorotea akasema. "Asife akiogopa."

Akashuka mtaroni, akakaa kwenye matope karibu na kichwa chake, akampa mgongo. Mkono nyuma, matobolwa kiganjani. Hata mimi niliiachia kamba. Shimba akahema, akaikokota shingo, akayachukua, akaweka kidevu begani. Elias akanyata, akachoma.

Kidevu kikawa kizito. Dorotea hakugeuka. Vipande vya viazi vikadondoka kutoka kinywani mwa punda, vikamwangukia Dorotea mapajani, bila kutafunwa.

Baada ya mavuno nikampelekea punda mwingine, mpole, niliyemchagua mwenyewe, kwa hiyo hana kasoro. Dorotea akamtazama kidogo, kisha akajitwika ndoo.

"Mrudishe, shemeji," akasema. "Huyu naye ataniamini."