Propu wa Kuazima

Mimi na raga tulikutana kwenye viraka. Nina cherehani pale Sofu, kwenye kibaraza cha duka la dawa, na vijana walikuwa wakiniletea jezi zilizochanika kuanzia kwapani hadi kiunoni, kila wiki, jezi zilezile. Nikadhani wanapigana. Siku moja nikafuatana nao nikamwone huyo anayewachania, na ndiyo ikawa basi. Msimu uliofuata nilikuwa meneja wa timu, mpishi, mfua jezi, na mtu wa kuinama na kopo la chokaa kuchora mistari ya uwanja. Mume wangu alisema nimerogwa. Sikumbishia.

Watu wakisikia neno ligi wanafikiria televisheni. Ligi yetu, daraja la pili la kanda, inaendeshwa kwenye kundi la WhatsApp. Kamati inatupia ratiba humo, timu moja inalalamika, ratiba inabadilishwa, nyingine inalalamika, inarudi ileile ya kwanza. Kila timu inakutana na mwenzake mara mbili, nyumbani na ugenini. Mwenyeji ndiye anayechora uwanja, anayetafuta refa kutoka timu isiyohusika, na mchezo ukiisha anawalisha wageni. Kulisha ni lazima. Mnavunjana mbavu, halafu mnakula sinia moja. Ukishinda unapata pointi nne. Ukifungwa lakini tofauti isizidi saba, unapewa pointi moja ya kufutia machozi. Mniwekee hiyo pointi moja, nitairudia. Mwisho wa msimu anapanda mmoja tu, wengine mnarudi kwenye vumbi lenu.

Kwetu sisi kupanda hakukuwa sifa. Kulikuwa uwanja. Tulikuwa tunachezea Pangani, Pangani yetu ya hapa Kibaha, kwenye shamba la bibi mmoja ambalo zamani lilikuwa la mihogo. Wanawe walitaka kulikata viwanja. Kibaha yote inakatwa viwanja. Ukiweka bakuli chini ukasahau kuliokota, utakuta limepimwa. Bibi alikuwa amewagomea kwa sababu aliipenda skramu, pale watu wanapoinama bega kwa bega wakasukumana. Alisema inamkumbusha wanaume wakitoa lori kwenye tope. Lakini wana nao ni wana, wakamsonga, mpaka akawapa neno mbele yetu sote: timu ikipanda daraja msimu huu, uwanja haukatwi. Isipopanda, wafanye wanavyotaka. Wale wana wakakubali haraka, maana walituona tulivyo.

Nguzo za goli tulizitengeneza wenyewe, kwa mabomba ya kisima kilichokauka. Fundi wa kuchomelea wa mtaani kwetu akayaunga, vijana wakayapaka rangi nyeupe, mimi nikashona mito ya kufungia chini ili mtu asipasuke kichwa, godoro kuukuu ndani, turubai juu. Nilishona kwa mkono sehemu ambazo cherehani ilikataa. Vidole vilivimba.

Mechi yetu ya nyumbani na Kisarawe ilikuja katikati ya masika. Wakafika wachache, wamelowa, viatu mikononi. Wenzao wa Marui walikuwa wamekwama, barabara imekatika huko. Hawakutimia idadi inayotakiwa na kanuni, na kanuni inasema hivi: timu isipotimia, mwenyeji anapewa ushindi na pointi tano kamili, na mgeni haambulii kitu. Isipokuwa mwenyeji akikubali, kabla ya filimbi, kuwaazima wageni watu wake. Hapo mechi inachezwa na matokeo yanahesabika.

Kapteni wao, mtumishi wa halmashauri, mtu wa bara mwenye sauti ya taratibu, akanifuata pale nilipokuwa nachochea kuni. Akanisalimia kwa adabu zote, akaniita dada, akasema wametoka mbali na vijana wake wanaumwa na roho kurudi bila kucheza. Akaniomba nimwazime watu. Sikufikiria hata. Wali ulikuwa jikoni, bibi ameshakaa kwenye kigoda chake, mtu amekuja kwako na mvua kichwani, unamwambia nini? Nikaita vijana watatu wavue jezi zetu wavae zao.

Na hapa ndipo uungwana wetu ulipotuponza. Timu nyingine zikiazimana hutoa wale wa benchi, wanaokimbia kama wamekanyaga miiba. Sisi kwetu mgeni hapewi kiti kibovu. Wageni hawakuwa na propu, yule mtu mzito wa mstari wa mbele anayebeba skramu mabegani, na bila yeye skramu haisukumwi, wanagusana tu kama wanasalimiana. Nikawapa wa kwetu. Muuza nyama wa Sofu, shingo hana, kichwa kimekaa moja kwa moja juu ya mabega, na moyo wake mweupe kabisa. Ukimwambia msaidie huyu, anasaidia.

Basi akawasaidia. Alitusukuma siku ile mpaka nikaanza kumtukana kimoyomoyo. Tuliongoza mechi yote, na dakika za mwisho, tofauti ikiwa kubwa, wakapata skramu karibu na mstari wetu. Muuza nyama akainama, akasukuma, akachomoka na mpira, akaanguka nao chini ya nguzo zetu wenyewe, kwenye mito yangu. Trai, bao la raga. Uwanja mzima ulicheka. Bibi alicheka mpaka khanga ikamdondoka begani. Kijana alisimama na tope usoni, anatuangalia kama mtu aliyevunja sahani ya jirani, nasi tukampigia makofi. Tulishinda, lakini tofauti ilishuka chini ya saba. Kisarawe wakaondoka na pointi yao moja, matumbo yamejaa wali wangu, wakishukuru njia nzima. Tulijiona watu wa maana sana siku ile.

Msimu ukaenda. Tulishinda tuliposhinda, na ilipobaki mechi moja tulikuwa juu ya msimamo, Kisarawe wakitufuata nyuma. Mechi yenyewe ilikuwa kwao. Tungetoka sare tu, uwanja wa bibi ungebaki.

Usiku wa kuamkia mechi, mama mzazi wa kapteni wetu akafariki. Ni Waislamu, maziko hayangojei, yakapangwa adhuhuri ya siku ya mechi. Nikaandika kwenye kundi la kamati kuomba mechi isogezwe. Jibu lilikuja na kidole gumba cha pole na maneno kwamba maombi ya kusogeza mechi yanapaswa kutolewa wiki moja kabla. Kama vile kifo kinabisha hodi wiki moja kabla. Nilitaka kuitupa simu.

Vijana wengi walikwenda kuzika, na mimi sikuwazuia. Usipokwenda kuzika mama wa mwenzako kwa sababu ya mpira, wewe utazikwa na nani? Nikachukua waliobaki, akiwemo muuza nyama, tukapita njia ya vumbi ya Kiluvya kwenda Kisarawe, kwa sababu usipotokea kabisa unafutwa ligi. Njiani nilikuwa na amani. Nasema kweli, nilikuwa na amani. Niliwaambia vijana wasiwe na wasiwasi, wale watu wanatujua.

Tulipofika, Kisarawe walikuwa wamejaa. Wale wa Marui wote wapo, wengine wamekaa tu pembeni na njumu miguuni, hawana nafasi ya kucheza. Kapteni akaja kunipokea, ameshasikia msiba, akanipa pole, akamwombea marehemu. Nikamshukuru. Kisha nikamweleza tulivyo, nikamwomba atuazime watu. Nilitamka kama mtu anayeomba chumvi, nikiwa nimeshanyoosha mkono.

Akaangalia vijana wake, akaangalia refa, akaangalia viatu vyake.

"Dada," akasema, "kanuni ni kanuni."

Nikamwuliza kama siku ile ya mvua Pangani kanuni ilikuwa imesafiri. Akasema siku ile ilikuwa hiari yetu, na leo hiari ni yake, naye ana vijana waliohangaika msimu mzima. Hakunikosea adabu hata kidogo. Afadhali angenitukana, ningejua pa kumshika. Refa akapuliza filimbi ya mechi isiyochezwa, Kisarawe wakapewa pointi tano, wakakumbatiana.

Halafu wakatuletea chakula. Eti desturi ni desturi. Muuza nyama aligoma, akakaa mgongo kwa sinia. Mimi nilikula. Tangu usiku wa msiba sikuwa nimetia kitu tumboni. Pilau yao ilikuwa tamu, na mpaka leo hilo linaniuma kuliko mengine.

Msimamo ulipotoka kwenye kundi, Kisarawe walituzidi pointi moja. Moja. Sikuhitaji kuambiwa ilikotoka. Niliiona ikianguka chini ya nguzo kwenye mito niliyoishona. Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako. Waongo wakubwa. Wenzetu iliwasitiri mpaka daraja la kwanza.

Nilikwenda kumwambia bibi mwenyewe. Nilimwamkia, akaitikia, akanisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza. Nilitegemea atawalaani Kisarawe, nami niitikie amina. Akaniuliza tu, siku ile ya mvua, kwa nini tuliwapa yule mnene.

"Walikuwa wageni, bibi."

"Mgeni anapewa chakula," akasema. "Nani kawaambia anapewa na nyumba?"

Wiki ile ile wanawe walileta mpimaji. Bikoni za mipaka zikapandwa, moja katikati kabisa ya uwanja pale tunapoanzia mpira, nyingine hatua chache kutoka kwenye nguzo. Timu haikuvunjwa, ilikonda tu. Wengine wakahamia mpira wa miguu, wengine kazi za Dar, na jezi zikabaki kwangu kibarazani zimekunjwa, bila mtu wa kuzichana.

Kisha, kabla ya msimu mpya, kapteni wa Kisarawe akaja. Alinikuta Pangani, nimekwenda na muuza nyama kuangalia kama nguzo zinaweza kung'olewa kabla mafundi hawajaanza msingi. Alikuja na kirikuu, kigari cha mizigo, tupu nyuma, na nikajua. Akaamkia watu wote. Akaniambia daraja la kwanza lina masharti, wamekaguliwa, uwanja wao una miti tu badala ya nguzo, na bila nguzo za chuma zenye mito hawataruhusiwa kucheza nyumbani. Akasema amesikia za kwetu hazina kazi tena. Akaomba tumwazime, msimu mmoja tu.

Nilitaka kumwambia kanuni ni kanuni. Neno nilikuwa nalo mdomoni tangu siku ile, nimelinoa. Lakini nikatazama, nikamwona muuza nyama ameshapiga magoti kwenye nguzo ya kwanza, anafungua kamba za mito yangu, taratibu, asiichane. Hakuna aliyemtuma. Kasikia mtu anaomba, basi.

Nikaona hata nikikataa, nguzo zitaishia kwa wauza vyuma chakavu. Hilo nalo walikuwa wamenipokonya, hata nafasi ya kuwanyima.

"Beba," nikamwambia kapteni. "Ila leo usiniambie unaazima."