Nyumba Namba Nane Iandikwe Mara Moja

Mwaka ule wa vita nilikuwa mwalimu wa hesabu wa darasa la sita huko Kaniha, msichana mwenye chaki mfukoni na kiburi cha kutosha wilaya nzima ya Biharamulo.

Mwenyekiti wa kijiji aliniletea orodha mbili: nyumba za wajane, na nyumba ambazo vijana wao walikuwa wamekwenda kumpiga nduli aliyeivamia nchi yetu. Tangu watu wahamie kijiji cha ujamaa, kila nyumba ilikuwa na namba mlangoni, kwa hiyo orodha zilikuwa za namba tupu. Kwa kila namba katika kila orodha, wanafunzi wangepalilia maharage siku moja.

"Ziunganishe, mwalimu, utupangie zamu," akasema.

Nilifurahi kupita kiasi, maana wiki ileile tulikuwa tunasoma seti. Nikaandika ubaoni: seti ya wajane, 3, 8 na 15, seti ya wapiganaji, 6, 8, 11 na 20. Nikawaambia watoto watafute muungano.

Wengi walipata: 3, 6, 8, 11, 15, 20. Binti mmoja wa dawati la nyuma aliandika 8 mara mbili. Nikamwita mbele.

"Memba aliyemo kwenye seti zote mbili anaandikwa mara moja. Futa."

Akasimama na kifutio mkononi. "Lakini mwalimu, hizo ni siku mbili."

"Nimesema futa!"

Akafuta. Nikapeleka namba zangu sita kwa mwenyekiti, naye akanisifu kwa kupunguza siku moja.

Zamu ya namba nane nilikwenda na darasa. Mlangoni alisimama yule binti, pembeni ya mama yake. Kumbe ni kwao. Baba alishafariki, na kaka yake wa pekee alikuwa vitani. Tulipalilia mpaka jua likazama, na bado nusu ya shamba ilikuwa imemezwa na magugu. Kesho yake ilikuwa zamu ya namba kumi na moja. Mama aliwashukuru watoto mmoja mmoja. Binti hakunitazama kabisa, nami niliona haya kuliko kama angenitukana.

Jumamosi asubuhi nikaazima jembe, nikarudi peke yangu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwalimu. Mbona leo huna wanafunzi?"

"Nimekuja mwenyewe. Mlikuwa na siku mbili, mama. Moja niliifuta mimi."

Aliangalia jembe langu la kuazima. Hesabu yangu ilikuwa sahihi, na hata leo ni sahihi, ila pale shambani sikuthubutu kulitamka hilo. Mwishowe akanyoosha mkono kwenye magugu.

"Basi anzia pale kwenye mgomba," akasema. "Ndipo mwanangu anapoanziaga."