Penye Ubishi, Kata

Mtaani kwetu wananiita Mama Redio, na sijawahi kuuliza kwa nini. Jirani yangu wa ukuta mmoja ana binti ambaye ni fundi wa vishikizo, na kama kuna mtu aliyezaliwa kuninyima raha, basi ni huyo.

Kishikizo mnakijua: kile kisanduku cha shaba cha sebuleni, chenye uzi unaozunguka watu wakikaa kuhadithiana. Ukishasimulia jambo mbele yake, limeshikwa. Mwakani ukitaka kulitia chumvi, ulimi wenyewe unarudi njiani. Mume wangu alikuwa na nyoka wake aliyemuua ujanani, nyoka mwenye afya, kila mwaka anarefuka. Siku tuliyonunua kishikizo mzee alikuwa amechoka, akamsimulia harakaharaka, na tangu hapo nyoka yule ana urefu wa mkanda wa suruali. Hayo ndiyo maendeleo.

Sasa, watu wawili wa nyumba moja wakisimulia jambo lilelile kwa namna mbili, uzi unapiga fundo na kisanduku kinakwama. Hapo anaitwa fundi. Huyu wetu ana kijichumba nyuma ya duka la vioo, meza imejaa mikasi midogo kama ya kinyozi wa wanasesere, na mlangoni ameandika sheria ya kazi yake: Penye ubishi, kata. Kilichokatwa, hakuna mtu wa nyumba hiyo atakayeweza kukitamka tena, hata aliyeolewa mbali. Ulimi ukifika pale unaruka, kama mtu anayeruka dimbwi. Fundi anajivunia sheria hiyo kuliko wengine wanavyojivunia watoto. Msibani mtu akilia kwamba marehemu alimuaga, yeye anauliza, "Ulikuwa umekaa upande gani?" Anaheshimika sana. Hakuna anayemwalika.

Basi kishikizo cha wazazi wake kikakwama. Mama yake akaja kwangu jikoni, akakalia ndoo bila kukaribishwa.

"Mama Redio, kesho mwanangu anakuja kukata."

"Anakata nini?"

"Kifungua mimba wangu. Mzee anasema alizaliwa amekufa, asihesabiwe. Mimi nasema alilia. Mara moja tu, lakini alilia. Mzee alikuwa nje, mimi ndiye niliyemshika."

"Si umwambie binti yako?"

"Nimemwambia. Anasema yeye hapendelei upande. Anasema nikishindwa kumtaja, sitaumia." Akanitazama. "Nani kamwambia nataka nisiumie?"

Nilikosa la kusema. Mume wangu angelipa kiingilio aje aone. Kisha akaniomba jambo ambalo mafundi wamelipiga marufuku: asimulie kisa chake mbele ya kishikizo changu mimi, kishikwe kwangu. Kisa cha nyumba moja hakiwekwi kwenye nyumba nyingine, eti nyuzi zinachafuka. Nikamwambia apite sebuleni.

Kesho yake fundi akaja na mikasi yake, akakata, akaondoka kabla chai haijapoa. Nyumba yao ikawa na hadithi safi, laini, haina hata doa. Mama mtu naye akaanza kuja kwangu kila alasiri kuazima chumvi. Jamani, chumvi ile ingetosha kukaushia nyama ya ng'ombe mzima. Anakaa kitini, nami namsimulia: kitoto cha kike, nywele tele, kimeshika kidole cha mama yake, kikalia mara moja. Yeye mwenyewe hawezi kutamka hata nusu yake. Anaitikia kwa kichwa tu, nami nalia huku nimekasirika, maana kulia si fani yangu.

Uzi wangu nao ukaanza kukwaruza. Mume wangu, bila kuniuliza, akamwita fundi. Fundi akaingia, akamkuta mama yake kitini na kibakuli cha chumvi mapajani. Akafungua kisanduku, akaupitisha uzi kidoleni, akasita.

"Humu kuna kisa si cha nyumba hii," akasema.

"Kipo," nikamjibu.

"Kanuni ni kukitoa."

"Kitoe basi. Wewe si hupendelei upande?"

Akachukua mkasi. Mama yake angesema nini, na kwa ulimi upi? Alimtazama tu binti yake. Fundi akafungua mdomo amwambie neno, nikaona ulimi ukiruka. Akajaribu tena. Mtu anayejua hadithi za mtaa mzima zilivyokaa alishindwa na neno moja: dada. Nilifurahi kidogo, nisiwadanganye. Kisha nikamhurumia.

Akaurudisha mkasi mkobani, akafunika kisanduku, akamwambia mume wangu, "Kizima hiki." Halafu akavuta kigoda, akakaa karibu na mama yake, akanigeukia.

"Mama Redio, hebu rudia. Pale..." Ulimi ukaruka, nami nikaanza pale kitoto kilipolia.