Mzani wa Chumvi

Wadachi walipomchukua mume wangu kubeba mizigo yao kutoka Usumbura kwenda milimani, mimi nilibaki Rumonge na nyumba ya udongo na ndagala wa watu. Ndagala ni samaki wadogo wa ziwa letu. Wavuvi walirudi nao asubuhi, sisi wanawake tukawaanika mchangani, na kila mwanikaji alipata fungu lake. Lakini wakinyeshewa wananuka, na mvuvi anatafuta mwanamke mwingine.

Wenzangu walijua mvua bila shida. Walizaliwa pale. Walitazama milima ya ng'ambo, wakanusa upepo, na aliyeiona kwanza aliwaita wengine waanue. Mimi hakuna aliyeniita. Nilitoka upande wa pili wa ziwa, sikuwa na dada wala shangazi, na mwezi wangu wa kwanza nilikosa vibaya: jirani alifiwa, nami nikakaa nyumbani nikingoja kualikwa. Msiba haualikwi. Nililijua hilo baadaye, na kuomba radhi sikuweza, kwa sababu nilikuwa na kiburi, na bado ninacho. Wanasema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Mimi jembe nilipewa siku ya kwanza. Kilichokosekana ni mtu wa kulima naye.

Mara mbili mvua ilinikuta nimeanika. Mara ya pili mvuvi wangu akaniambia, bila ukali wowote, kwamba ya tatu haitakuwepo. Nilirudi ndani nikalia. Bila samaki wale ningekula nini, na mume wangu akirudi angenikuta wapi?

Ndipo nikamkumbuka mama. Alikuwa akishika chumvi ya Uvinza, akiona imelowesha vidole vyake anasema chumvi inalia, mvua iko njiani. Basi nikachukua kibuyu kidogo kilichopasuka, nikakata vikombe viwili. Nikatafuta tete lililonyooka, nikalifunga uzi katikati, uzi nilioutoa kwenye kanzu kuukuu ya mume wangu, na kila ncha nikaning'iniza kikombe. Huku nikatia chumvi kavu, huku vijiwe vya ufukweni, kimoja kimoja, mpaka tete likalala sawasawa. Nikautundika mzani wangu juu ya moto, mahali tunapotundika kila kitu tusichotaka kiliwe na mchwa.

Jioni ile mvua ilinyesha, ndagala wakiwa ndani tayari, na mzani haukutikisika. Nilikasirika, kisha nikajicheka. Chumvi inayoota moto usiku na mchana italia lini? Nikauhamishia nje, chini ya paa, upande wa ziwa. Baada ya kila mvua niliikausha chumvi juani, nikaanza upya. Nilipoona kikombe cha chumvi kimezama mara tatu na mvua ikaja mara tatu, nikauamini.

Siku moja mbingu ilikuwa safi kabisa, lakini kikombe kikazama. Nikaanua ndagala wangu. Wanawake walicheka, mmoja akauliza kwa sauti kama jua la Rumonge linaniumiza kichwa. Mdomo wa kuwaambia nilikuwa nao, sikuufungua. Kabla ya adhuhuri mvua iliwashukia, wakakimbia na vikapu, na nusu ya samaki wao wakaharibika. Mimi nilikaa ndani na ndagala wakavu, nikidhani nitafurahi. Sikufurahi. Hata ushindi unahitaji mtu wa kumsimulia.

Tangu hapo waliacha kutazama milima. Walinitazama mimi. Nikiinama kuokota, wote wanainama, nikianika, wanaanika. Salamu bado hawakunipa. Nilikuwa mzani wao, na nani humwamkia mzani?

Niliivumilia hali ile mvua zote za mwaka ule. Habari za mume wangu hazikuja. Kuna siku nilizungumza na vijiwe vile, nikavilaumu kwamba ni vizito.

Halafu asubuhi moja tete lilikuwa limelala sawasawa, hewa kavu, hakuna wingu. Nikatoka, nikaanua ndagala wangu wote, upesi upesi, kama mtu aliyeona tufani. Ufuko mzima ukaanua. Jua likawaka mpaka jioni, na samaki wao wamejaa ndani mwa vikapu, wabichi.

Nilisikia hodi. Ilikuwa hodi ya kwanza mlangoni pangu tangu mume wangu aondoke. Waliingia saba, hasira zimewajaa, mbele yao mama mtu mzima aliyeanika kando yangu.

"Mvula iko wapi?" akauliza.

"Haiko, mama."

"Sasa ulianua samaki ya nini?"

Ningeweza kusingizia chumvi. Nikasema, "Nilitaka mufike."

Wakaanza kunitukana. Nikawatandikia mkeka; wakakaa, kwa maana miguu huchoka hata mwenyewe akiwa na hasira, wakaendelea kunitukana wakiwa wamekaa. Nikawapa maji, wakanywa, wakaendelea. Nyumba ilijaa sauti za watu, wakikatizana, wakisaidiana kunikumbusha mabaya yangu. Mimi nimekaa kimya karibu na mlango, nikiogopa jambo moja tu, kwamba watamaliza.