Beseni la Kanali

Kanali wa ugavi alikuwa na beseni la plastiki, la bluu, na jeshi zima lililijua. Kila shehena ya buti ilipoingia bohari kuu, alipanda mwenyewe juu ya rundo akachomoa jozi ya saizi yake kutoka katikati, maana wauzaji huweka nzuri juu. Buti zililala kwenye maji. Asubuhi alizivaa zikichuruzika, akashinda nazo ofisini, kwenye malori, uwanja wa gwaride. Zikifika jioni salama, alisaini. Zikimshinda, zilirudi zilikotoka. Waliomcheka walishachoka kucheka zamani. Wauzaji walimwogopa kama ukoma.

Hakuzaliwa na wazimu huo. Alipokuwa kuruta alipewa buti za kiume, akazijaza matambara, akapiga nazo kwata mpaka kucha zikang'oka. Alipolalamika, mgawaji wa bohari alimwambia, "Binti, hapa hatuuzi viatu vya harusi." Siku hiyo akaapa kwamba kiti cha yule bwana atakuja kukikalia yeye. Akakikalia, akakipita. Kutoka luteni wa magunia ya unga alipanda hadi kuwa mkuu wa ugavi wote, mafuta, mahema na risasi, na hakumlamba mtu miguu.

Kilibaki cheo kimoja, ubrigedia, na kila mtu alijua ni chake. Ndipo zikaja buti za vikosi vilivyokuwa vinakwenda milimani, kwenye matope, na mvua zimeshika. Kanali akachomoa jozi, akalowesha, akavaa. Kabla ya chakula cha mchana soli ya kulia ilikuwa imeachama na soksi inaonekana.

Akagoma kuzipokea. Jenerali akaja bohari mwenyewe. Walitoka kozi moja, wakati mmoja walikuwa wanagawana hata sabuni.

"Saini, mama," alisema kwa sauti ya chini. "Oda hii imetoka juu. Na majina ya mabrigedia yanapelekwa wiki hii, unajua."

"Afande, unavaa namba ngapi?"

"Unasemaje?"

"Namba ya mguu, afande."

 Sajenti wa bohari, aliyezeeka akiwagawia watu viatu, aliitupia jicho miguu ya jenerali mara moja tu, akaenda kuleta jozi bila kutumwa. Kanali akaiweka mezani.

"Zivae mpaka jioni, huko kwenye matope. Zikirudi nzima, nasaini hata kwa mkono wa kushoto. Zikikushinda, usiniambie nimvishe mtoto wa mtu."

Jenerali alizitazama zile buti, akatazama zake zinazong'aa, akaondoka. Siku hiyohiyo malori yakarudisha shehena, na vikosi vikapanda milima na buti za zamani zilizoshonwa upya. Majina yakatoka. Lake halikuwemo.

Nyumbani, mume wake, fundi wa majokofu, alimmiminia chai.

"Mke wangu, si ungefumba macho mara moja tu?"

"Ningefumba. Kufumbua je?"

Kisha akalia kwa hasira. Alikitaka kile cheo, alikitaka sana, na hakuona haya kumwambia mumewe hivyo. Asubuhi alipiga pasi sare yake ya kanali, akaenda kazini.

Alistaafu na cheo kilekile. Siku ya kuagwa, jenerali yuleyule alisimama akatoa hotuba tamu kuhusu uadilifu, halafu akamkabidhi zawadi kwa niaba ya jeshi: buti za ngozi, mpya, ndani ya boksi lenye utepe. Ukumbi ukapiga makofi.

Kanali alizitoa kwenye boksi. Akapindisha soli, akanusa gundi. Makofi yakafifia. Nyuma kabisa walikaa askari waliorudi kutoka milimani na miguu yao mizima, na hao walishaanza kutabasamu.

"Ahsante, afande," alisema, huku akimtazama jenerali usoni. "Sajenti, beseni."

Sajenti alikuwa ameshalijaza maji.