Siafu Waliofagia Nyumba ya Mukaka

Nilipokuwa mtoto kule Masereka, siafu wakiingia nyumbani hatukuwafukuza. Tulitoa chakula na watoto wachanga, tukaacha milango wazi, tukakaa uani bila makelele mpaka wamalize. Mukaka, yaani bibi yangu mzaa baba, alisema siafu ni wafagiaji wa wazee waliokufa. Wanakuja kuondoa kisicho cha nyumba: viroboto, kupe, mende, panya. Kilicho cha nyumba hawakigusi. Na mtu anayewamwagia majivu au maji ya moto, nyumba yake itajaa wadudu wa kuwasha mwaka mzima.

Nilikuwa na miaka minane. Wazazi wangu walikuwa Butembo wakiuza nguo sokoni, nami nililelewa na mukaka kwa sababu mama alikuwa na mtoto mwingine mgongoni. Mukaka alinifundisha kupanda viazi, kusali rozari na kuwasha moto kwa kuni mbichi. Yote aliyonifundisha yalikuwa ya kweli, kwa hiyo sikuwa na sababu ya kuchambua lipi niamini na lipi niache.

Mwaka ule kiangazi kilikuwa kirefu, na viroboto walijaa kwenye sakafu yetu ya udongo. Ukiingia na miguu myeupe, unatoka na miguu yenye madoa. Mbwa wetu naye alijaa kupe masikioni, lakini yeye alikuwa na bahati: mukaka alikuwa na kuku mwekundu, na kila asubuhi mbwa alilala mbele ya mlango wa jikoni, kuku akaja kumdonoa kupe mmoja mmoja. Mbwa alifumba macho kama mtu anayesukwa nywele. Hata siku moja sikuona kuku akimtoa damu. Mukaka alimpenda kuku yule kuliko mbuzi wake, na nadhani, siku nyingine, kuliko mimi.

Mimi nilikuwa na paka. Alikuwa wa kijivu mwenye kichwa cheupe, kwa hiyo nilimwita Masera, kama tulivyowaita masista wa misheni.

“Unaita paka masera?” mukaka alinigombeza. “Siku moja masera wa kweli atapita hapa, utamwita, na paka ndiyo itaitika.”

Lakini alicheka, na jina likabaki.

Masera alizaa watoto watatu ndani ya katoni ya sabuni chini ya kitanda changu. Viroboto waliwashambulia. Niliwatoa kwa vidole nikawaponda kwa kucha, lakini asubuhi walikuwa wamerudi. Mdogo kuliko wote alikuwa na fizi nyeupe kama karatasi, na mama mmoja jirani aliniambia huyo hatafika Jumapili. Niliomba Mungu amfikishe. Sikuomba kitu kingine wiki ile.

Mvua ya kwanza ilinyesha Ijumaa. Nilirudi shuleni mchana nikakuta mukaka amesimama uani, mikono kiunoni. Kamba nyeusi ya siafu ilikuwa imetoka kwenye shamba la maharagwe, ikapita chini ya migomba, na tayari ilikuwa inapanda kizingiti.

“Hatukuwaita, bamekuya,” alisema. “Bon. Batufagilie.”

Nilianza kulia. Nilimwambia watoto wa paka wako ndani.

“Acha bakae humo. Siafu batabatoa viroboto vyote. Utaona.”

“Mukaka, batabauma!”

“Kavira,” aliniita kwa jina. “Kuku inaumaka mbwa?”

“Hapana.”

“Inamukulia kupe, inamuacha muzima. Na siafu ni vile vile. Habagusake kitu ya nyumba. Nyamaza sasa.”

Nikanyamaza. Nilikuwa nimeiona ile habari ya kuku kwa macho yangu kila asubuhi. Kinachomsafisha mwenzake hakimdhuru. Hata leo naona ilikuwa hoja nzuri.

Masera hakuwa na hoja. Alitoka mbio akiwa amembeba mtoto mmoja kwa shingo, akamweka kwenye rundo la majani ya viazi, akageuka kurudi. Alikuwa amembeba yule mdogo. Nami, kwa mikono yangu, nilimchukua yule mdogo nikamrudisha. Niliruka juu ya kizingiti, siafu wakanipanda miguuni, nikamtia katika katoni pamoja na ndugu zake ili asikose kusafishwa. Niliogopa kwamba akibaki nje, wenzake watapona naye atakufa kwa viroboto. Masera alimtoa tena. Nikamrudisha tena. Mara ya tatu nilimkamata Masera mwenyewe, nikamfunga ndani ya sweta yangu ya shule na kumkumbatia. Alinikwaruza mkono mpaka damu ikadondoka. Nilimwambia sikioni, “Tulia, mukaka amesema.”

Tulikaa uani kwa muda wa karibu saa mbili. Siafu wakaondoka upande wa nyuma ya nyumba, kama walivyokuja, kwa mstari.

Nyumba ilikuwa safi kweli. Sakafu, mianya ya ukuta, magodoro: hakuna kiroboto, hakuna mende. Chini ya dari tulikuta mifupa ya panya. Kuhusu katoni, nitasema tu kwamba nayo ilikuwa imesafishwa. Nilimwachia Masera atoke katika sweta. Aliingia, akanusa, akatoka, na toka siku ile hakulala tena chini ya kitanda changu. Baada ya wiki alihamia kwa watu wengine.

Lakini Ijumaa ile nilikuwa bado nimepiga magoti mlangoni wakati yule mama jirani alipoingia uani na kikapu kilichofunikwa kwa kitambaa.

“Mukaka, kamata kuku yako,” alisema. “Toka asubuhi inanipigia kelele kama mwalimu. Siafu bameisha kupita?”

Toka asubuhi. Nilielewa polepole, kama mtoto anavyoelewa hesabu. Mukaka aliwaona siafu shambani kabla sijarudi shuleni. Alikuwa na muda wa kumtia kuku wake kikapuni na kumpeleka kwa jirani. Katoni ilikuwa hatua tano kutoka mlangoni.

“Kuku ulitoa,” nilisema. “Kuku haikuwa kitu ya nyumba?”

Jirani aliniangalia, akamwangalia mukaka, akaweka kikapu chini, akaenda zake.

Mukaka hakukasirika. Kama angekasirika ingekuwa nafuu. Alikaa kwenye kigoda, akafungua kikapu, kuku akatoka akijikung'uta.

“Nilikusahau, na paka yako,” alisema. “Halafu ukarudi, ukalia. Siafu balikuwa bameisha kuingia. Nilitaka unyamaze.”

“Lakini ulisema habagusake!”

“Ni vile batu banasemaka.”

“Na wewe unaamini?”

Alifikiri. Nampa heshima hiyo, kwamba alifikiri.

“Kwa viroboto, naamini,” alisema. “Paka itazaa bingine, mwanangu.”

Mwaka ule hatukuumwa tena na kiroboto hata mmoja. Kwa upande huo mukaka alisema kweli, na watu wa kijiji walilisifia jambo hilo mbele yangu. Niliendelea kula chakula chake na kusali naye rozari. Alipozeeka nilimwosha kwa mikono hii, na alipokufa nililia kweli. Lakini toka Ijumaa ile, kila alichoniambia nilikwenda kukiuliza kwa mtu mwingine. Aliliona hilo. Hakulisema hata siku moja, nami sikulisema.

Sasa mimi mwenyewe ni mama wa watoto watano hapa Bulengera, Butembo, na ninajua mtoto anayelia anafanya nini kwa kichwa cha mtu aliyechoka. Unatamka lolote litakalomnyamazisha. Sidhani mukaka alikuwa mtu mbaya. Alikuwa na siafu mlangoni na mtoto anayelia, basi akachukua uongo uliokuwa karibu na mkono. Namwelewa kabisa, na bado jambo lile halijanitoka moyoni.

Kabla ya kuja hapa tulikuwa tunakaa Beni, mpaka mtaa wetu ulipoanza kuhama kwa kukimbia vita. Tuliondoka asubuhi kwa pikipiki mbili, mume wangu na wakubwa mbele, mimi na wadogo nyuma. Mbwa wetu alitufuata mpaka kwenye barabara kubwa, kisha akachoka akakaa. Binti yangu wa miaka saba akaniuliza sikioni:

“Mama, tutakuya kumukamata lini?”

Neno “kesho” lilikuwa tayari mdomoni. Lingetunyamazishia safari nzima.

“Hatutarudi kumuchukua,” nilimwambia. “Tumemuacha.”

Alilia kwa sauti kubwa hata watu wa kando ya barabara wakasimama kutazama. Mwenye pikipiki aligeuka akaniambia, “Mama, umudanganye hata kidogo! Huyu atatuangusha.”

“Endesha,” nilimjibu.

Alilia mpaka Maboya, karibu tufike Butembo. Leo ni msichana mkubwa, na akikasirika bado ananiambia nilikuwa na roho ya jiwe siku ile. Simbishii. Lakini nikimwambia jambo, haniulizi mara ya pili.